Dakika Nzima

Kijana wa zamu hakuwa na saa. Aliniomba simu yangu, akaiweka kwenye saa ya kuhesabia sekunde, akaushika mkono wa Bibi chini ya kidole gumba. Ilipofika sekunde ya 15 nilidhani atauachia, maana wote waliomtangulia walikuwa wakiishia hapo. Hakuuachia. Alihesabu hadi dakika ikatimia, akamtazama Bibi usoni, kisha akaanza upya. Mara ya pili alipata jibu lilelile: 34.

"Bibi, umeanza lini kuanguka?" akauliza.

Ilikuwa mwaka 2016, katika zahanati moja mkoani Tanga. Bibi alikuwa ameanza kuanguka tangu mwaka 2009.

Mara ya kwanza alikuwa uani, amekaa kwenye mbuzi anakuna nazi. Alilala ubavu kama mtu aliyepitiwa na usingizi, macho yakageuka juu, mkono ukatikisika mara mbili tatu. Shangazi alipofika na kata ya maji, Bibi alikuwa ameshaamka, uso una joto kama wa mtu aliyetoka jikoni, anauliza ni nani aliyemwaga nazi. Hakukumbuka kitu. Baada ya hapo alianguka sokoni, akaanguka msalani, na mwaka 2012 akaangukia jiko la mkaa. Mkono wake wa kulia ulibaki na kovu lililong'aa hadi mwisho wa maisha yake.

Kila mtu alikuwa na jina la ugonjwa huo. Hospitalini waliuita kifafa, wakampa vidonge vya kumeza kila usiku, akawa analala hadi jua la saa nne. Shangazi yangu mkubwa alisema ni pepo. Aliitwa fundi, ngoma ikapigwa siku mbili, na siku ya pili Bibi alianguka katikati ya duara. Kwa waliokuwapo, huo ukawa ushahidi tosha. Simlaumu shangazi. Mwenye kumwona mama yake akifa na kufufuka mbele ya macho yake hawezi kuambiwa kwamba hajaona kitu.

Ninachokikumbuka kwa uchungu zaidi ni kidogo tu. Mara mbili, kwa miaka tofauti, mashine ya kupimia presha ilionyesha mapigo 36. Mara zote mbili muuguzi aliigongagonga, akasema imeisha betri, akaandika presha peke yake kwenye daftari la kliniki. Daftari hilo ninalo. Sehemu ya mapigo iko wazi.

Nilisomea historia, si udaktari. Watu wa fani yangu wakipatwa na jambo, kwanza hutafuta nani alipatwa nalo kabla yao. Basi wakati Bibi anasubiri rufaa, mimi nilikuwa nasoma habari za watu waliokufa zamani wakiwa na mapigo 30.

Kuhesabu mapigo kulianza Afrika. Katika karne ya 3 kabla ya Kristo, mjini Alexandria, tabibu wa Kigiriki aliyeitwa Herophilos alipima mapigo ya wagonjwa wake kwa saa ndogo ya maji. Wazo hilo halikushika mizizi. Kwa karne nyingi zilizofuata matabibu walipenda zaidi kuyaeleza mapigo kwa mifano: haya yanatambaa kama sisimizi, yale yanaruka kama paa. Ni lugha tamu, lakini huwezi kuilinganisha na ya mwenzako wa mji wa pili. Hata mwaka 1707, daktari Mwingereza John Floyer alipochapisha kitabu chake kuhusu saa ya kupimia mapigo, alilazimika kuagiza itengenezwe saa maalumu inayokimbia dakika moja kamili na kusimama, kwa sababu saa za kawaida hazikufaa kwa kazi hiyo.

Miaka michache baadaye, huko Ljubljana, daktari Marko Gerbec aliandika habari za mgonjwa mwenye kizunguzungu na dalili kama za kifafa, ambaye kati ya pigo lake moja na jingine mtu mzima wa afya angepiga matatu. Mwaka 1761, Giovanni Battista Morgagni wa Padua, akiwa na umri wa miaka 79, alitoa kitabu kikubwa cha magonjwa yaliyochunguzwa kwa kupasua maiti, na ndani yake akamweka kasisi mwenye mapigo ya polepole na kuanguka kama mtu wa kifafa. Wote wawili waliyaona mambo mawili yakienda pamoja: mapigo machache na kuanguka. Ila maneno waliyokuwa nayo ya kueleza kuanguka yalikuwa yaleyale ya hospitali yetu.

Aliyelikata shauri ni Robert Adams wa Dublin, mwaka 1827. Mgonjwa wake alikuwa mtumishi wa idara ya kodi, mwenye miaka 68. Mapigo yake yalikuwa kama 30 kwa dakika, na kwa muda wa miaka saba alikuwa ameanguka si chini ya mara 20. Madaktari wa wakati ule wangesema ni kiharusi. Adams akajiuliza swali rahisi: mbona kila akianguka anaamka bila kupooza popote? Kiharusi gani hicho kinachompiga mtu mara 20 na kumwacha anatembea? Akahitimisha kwamba kichwa kilikuwa kinateseka kwa niaba ya moyo. Ugonjwa wenyewe ulikuwa kifuani.

Niliposoma "miaka saba" nilifunga kompyuta na kwenda kukaa nje.

Mwenzake wa Dublin, William Stokes, aliandika tena juu ya wagonjwa kama hao mwaka 1846, na hali hiyo hadi leo huitwa kwa majina yao wawili. Katika maandishi ya Stokes kuna mgonjwa aliyejifunza kuukimbia ugonjwa wake: akihisi unakuja, alipiga magoti, akaweka mikono chini na kuinamisha kichwa, na mara nyingine ukapita. Bibi alikuwa akituambia jambo kama hilo, kwamba kizunguzungu kikimjia akiwa kwenye sala humwachia akiwa amesujudu. Sisi tulilichukua kuwa habari ya imani. Lilikuwa hilo, sikatai, na lilikuwa pia habari ya damu inayorudi kichwani.

Dublin walijua moyo ndio wenye kosa. Hawakujua kosa lenyewe. Hilo lilichukua miaka mingine 60 na zaidi, na liligunduliwa vipande vipande na watu waliokuwa mbali mbali: Jan Purkinje aliona nyuzi ngeni ndani ya moyo wa kondoo mwaka 1839, Wilhelm His akaona fungu la nyuzi linalounganisha vyumba vya juu na vya chini mwaka 1893, Mjapani Sunao Tawara, akifanya kazi Marburg, Ujerumani, akaufuata uzi huo hadi mwanzo wake katikati ya moyo na kuchapisha kazi yake mwaka 1906. Kipande cha mwisho ndicho ninachokipenda. Majira ya joto ya mwaka huohuo, kwenye nyumba ya mashambani huko Kent, Uingereza, mwanafunzi wa udaktari Martin Flack alikuwa akitazama kwa hadubini vipande vya moyo wa fuko. Mwalimu wake, Arthur Keith, alikuwa ametoka na mkewe kuendesha baiskeli. Waliporudi, Flack akawaonyesha kinundu kidogo kwenye chumba cha juu cha kulia, mahali mshipa mkubwa wa damu unapoingia. Hapo ndipo pigo la moyo linapozaliwa. Fuko!

Kazi ya mtandao huo inaelezeka kwa umeme wa nyumbani. Kinundu cha Flack ni kituo kikuu: kwa mtu mzima aliyepumzika hutoa cheche 60 hadi 100 kwa dakika. Cheche hutandaa vyumba vya juu, hufika kwenye kinundu cha Tawara, husubiri kidogo ili damu ishuke, kisha hupita kwenye fungu la His kwenda chini, ambako moyo husukuma damu mwilini. Kituo kikuu kikizima, cha kati kinaweza kushika kazi kwa mapigo 40 hadi 60. Na kama njia ya kati imekatika kabisa, vyumba vya chini vina jenereta lao la dharura, linalosuasua kwa 20 hadi 40. Jenereta hilo wakati mwingine huchelewa kuwaka. Moyo ukisimama sekunde kumi hivi, mtu anazimia. Ukikawia zaidi, viungo vinatikisika. Ndicho kifafa cha Bibi.

Kwa Kiswahili mtu husema "moyo umeziba", na msikilizaji anawaza mafuta kwenye mishipa ya damu. Ni ugonjwa mwingine huo. Mishipa ya Bibi ilikuwa mizuri. Kilichokatika ni njia ya umeme.

Na si kila moyo wa polepole ni mgonjwa. Chini ya 60 ndipo madaktari wanapoanza kuita bradikadia, lakini mkimbiaji wa mbio ndefu anaweza kuwa na 45 akiwa amekaa na asiwe na tatizo lolote, na wengi wetu tunashuka chini ya 60 tukilala. Kuna moyo unaochelewa kwa sababu ya baadhi ya dawa za presha, au tezi ya shingoni iliyolegea, au potasiamu kuzidi kwenye damu, na huo mara nyingi hurudi sawa sababu ikiondolewa. Kuna pia unaokwenda mbio kisha ukasimama, unaokimbia ovyo bila mpangilio, unaoruka pigo moja moja. Kwa hiyo yule kijana wa zamu, baada ya 34 yake, aliomba kwanza mfuko wa dawa za Bibi, akamwaga vyote mezani na kusoma kimoja kimoja.

Kipimo chenyewe cha umeme wa moyo kina historia ya kuchekesha. Willem Einthoven, Mholanzi wa Leiden, alipoitengeneza mashine yake mwanzoni mwa karne ya 20, ilikuwa na uzito wa kilo 270 hivi, ilihitaji watu watano kuiendesha, na mgonjwa alikaa mikono na mguu vikiwa ndani ya vyombo vya maji ya chumvi. Alipata Tuzo ya Nobel mwaka 1924. Ya Bibi ilitoka kwenye mashine inayobebwa kwa mkono mmoja. Daktari wa mkoa alinionyesha karatasi: vyumba vya juu vilikuwa vikipiga kama 80, vya chini 34, na hakuna aliyemsikia mwenziwe. Nilifikiria wanawake wawili wanaotwanga kwenye vinu viwili, nyumba mbalimbali. "Uzee," alisema daktari, "nyuzi zimekakamaa." Kisha akasema anahitaji betri ya moyo.

Betri ya moyo imetokana na kushindwa kwingi. Mwaka 1952, Paul Zoll wa Boston aliweza kuuendesha moyo uliosimama kwa kupitisha umeme juu ya kifua, lakini ngozi iliungua na wagonjwa waliteseka. Miaka michache baadaye, katika Chuo Kikuu cha Minnesota, daktari C. Walton Lillehei alikuwa akishona matundu kwenye mioyo ya watoto. Mara nyingine uzi wa kushonea uliliumiza fungu la His, na mtoto akatoka kwenye upasuaji na tundu limezibwa lakini umeme umekatika. Lillehei alishonea waya kwenye moyo na kuuunganisha na mashine iliyochomekwa ukutani. Mtoto alifika pale waya ulipofika.

Tarehe 31 Oktoba 1957, umeme ulikatika Minneapolis. Sisi tuliokulia kwenye mgao hatuhitaji kuelezwa zaidi. Baada ya hapo Lillehei alimwomba Earl Bakken, fundi aliyekuwa akizitengeneza mashine za hospitali, atafute njia isiyotegemea ukuta. Karakana ya Bakken ilikuwa gereji ya nyumba. Alikumbuka mchoro aliouona kwenye jarida la mafundi wa redio, wa saa ya kuwapigia wanamuziki mapigo kwa kutumia transista. Akautengeneza kwenye kisanduku cha kushikwa mkononi, chenye betri yake. Kwa masimulizi yake mwenyewe, alikipeleka kijaribiwe kwa mbwa. Alipopita tena hospitalini siku iliyofuata, akakikuta kimeshaunganishwa kwa mtoto. Lillehei hakutaka kumsubirisha mtoto wakati kisanduku kipo.

Kisanduku hicho bado kilikuwa nje ya mwili. Aliyelazimisha kiingie ndani ni mwanamke asiye daktari. Arne Larsson wa Stockholm alikuwa na miaka 43 na moyo uliokuwa ukisimama mara nyingi kwa siku. Mkewe, Else-Marie, alisikia kwamba daktari wa upasuaji Åke Senning na mhandisi Rune Elmqvist walikuwa wakifanya majaribio ya kifaa cha ndani. Akawaendea. Wakamwambia hakijakamilika kwa binadamu. Akasema basi kikamilisheni. Akawa anakwenda kwa mmoja, anarudi kwa mwingine, hadi wakachoka. Elmqvist aliunganisha vipande vyake na kuvimwagia gundi ya epoksi, akitumia kopo la dawa ya viatu kama kalibu. Usiku wa tarehe 8 Oktoba 1958 Senning akakipandikiza. Kilifanya kazi saa chache tu, kikafa. Wakaweka cha pili.

Larsson alibadilishiwa vifaa zaidi ya 20 maishani mwake. Alifariki Desemba 2001, ana miaka 86, kwa saratani, baada ya Elmqvist na Senning wote wawili kutangulia. Mara nyingi nimejiuliza nani kwenye ukoo wetu alipaswa kuwa Else-Marie, na jibu ninalolipata silipendi. Mimi ndiye niliyekuwa nimesoma.

Yaliyofuata nitayapita haraka. Huko Buffalo, Marekani, Wilson Greatbatch alichomeka kwa makosa kipande kisicho sahihi kwenye saketi, akasikia inapiga kama moyo. Baadaye alisaidia kuleta betri za lithiamu, zinazodumu miaka mingi badala ya miezi. Kuna wakati walitumia hata plutoniamu. Leo kuna betri ndogo zinazowekwa ndani ya moyo wenyewe bila waya.

Hayo yote yalikuwa yameshajulikana Bibi alipoanguka mwaka 2009. Umbali kati ya Dublin ya 1827 na uani kwetu haukuwa wa elimu. Taasisi ya Moyo Jakaya Kikwete ilianza Dar es Salaam mwaka 2015. Kabla ya hapo wagonjwa wengi waliohitaji matibabu makubwa ya moyo walipelekwa India, wale waliobahatika kupata rufaa. Lakini hata India haina msaada kwa mtu ambaye mapigo yake hayajaandikwa kwenye daftari.

Tulichanga. Mjomba aliuza mashine ya boti yake. Kwenye hospitali moja ya Dar es Salaam walimpa Bibi ganzi ya sehemu tu, chini ya mfupa wa bega la kushoto, wakapitisha waya kwenye mshipa hadi moyoni, na kitu bapa, pana kama kiberiti, kikawekwa chini ya ngozi. Alikuwa macho muda wote, anasoma dua kwa sauti. Jioni nilimkuta amekaa kitako.

"Shikamoo Bibi. Unajisikiaje?"

"Marahaba, mjukuu wangu. Najisikia nina nguvu za kugombana. Nani kapika huu wali?"

Alipewa kadi ya kutembea nayo. Imeandikwa aina ya kifaa, tarehe, na kima cha chini cha mapigo: 60. Vidonge vya kifafa aliviacha taratibu kwa maelekezo ya daktari. Hakuanguka tena.

Katika nchi ambako maiti huchomwa, betri ya moyo lazima itolewe kwanza, kwa sababu ikipata moto inaweza kulipuka. Nyingi hutupwa zikiwa na miaka ya kazi ndani yake. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Michigan wamekuwa wakizikusanya, kuzipima na kuzisafisha kwa ajili ya wagonjwa wasio na uwezo, na mwaka 2024 walitoa matokeo ya jaribio la wagonjwa karibu 300 katika nchi saba, Kenya ikiwemo: waliopewa zilizotumika hawakupata maambukizi zaidi ya waliopewa mpya. Wapo wanaosema huku ni kuletewa mitumba hadi moyoni. Nawaelewa. Lakini mimi namfikiria mtu aliyekaa kwenye mbuzi leo hii, na kati ya hasira hiyo na kifaa kilichotumika, ningechukua kifaa.

Bibi alifariki mwaka 2022, kwa homa ya mapafu, kabla matokeo hayo hayajatoka. Nilikuwa ndani wakati wa kumwosha. Mama mmoja wa jirani alipofika begani aliusimamisha mkono, akauliza hiki ni nini, kitolewe? Shangazi mkubwa akanitazama mimi. Nikasema kiachwe. Hakuna aliyebisha, wakaendelea kumwaga maji.

Baada ya kuzika, watu wakiwa wametawanyika, shangazi alikuja akakaa nami barazani. Daktari alikuwa ametuambia, kwenye kliniki ya mwisho, kwamba betri imebakiza miaka mitano au sita.

"Kile kitu," akasema, "kinajua kama amekufa?"

"Hakijui, shangazi."

"Kwa hiyo bado kinapiga huko?"

"Bado."

Akanyamaza kidogo, anazungusha tasbihi.

"Mara ngapi kwa dakika?"

"60," nikamwambia.